Mama Aliyekalishwa Kitini

Ole, Pemba
2 Julai 2024

Mwanangu Mardhiya,

Asalaam aleikum. Kwanza niambie umelalaje na umekula nini, ndipo nikupe ya kwetu. Kifua kimeachia? Hiyo baridi ya Ubelgiji hata mwezi wa saba haikuonei huruma? Mimi mwili mzima, alhamdulillahi, moyo tu ndio unakwenda kwa kusukumwa.

Leo siku ya ishirini tangu tumzike babako. Usijilaumu kwa kutofika, mwanangu, maiti haingoji ndege. Watu walijaa mpaka kule kwenye mikarafuu ya Mabruki, na kila aliyeingia aliniuliza, Mardhiya keshapata habari? Nikawaambia keshapata, analia huko peke yake.

Naandika kwenye daftari lako la skuli, halafu karatasi naipiga picha nakutumia, kama ulivyonifunza. Simu ya kusema siitaki sasa. Sauti yangu inatoka mpaka barazani na kule wamekaa wanaume, na mimi nimo edani. Halafu nikikusikia tu nalia. Kwenye karatasi nalia bila ya wewe kusikia.

Eda yangu shangazi yako Mwanawema ndiye anayeilinda. Kanivisha nguo nyeupe, kanifunikia kioo, wanja hapana, hina hapana, udi hapana. Siku zikitimia miezi minne na siku kumi, ijumaa ya tarehe kumi na nane ya mwezi wa kumi, yeye ndiye atakayekuja na wanawake wa mtaa kuniosha na kunivisha kanga mpya, anishike mkono anitoe mlangoni. Kaniambia, "Wifi, mimi ndiye niliyekuingiza nyumba hii ukiwa mwari, na mimi ndiye nitakayekutoa." Basi hilo ndilo ninalolingoja. Mjane asiyetolewa na watu wa mumewe watu husema kunani hapo.

Na ile picha uliyoililia, nimeipiga. Ulisema unausahau uso wangu. Nimefunga dirisha, nimevua ushungi, maana weye mwanangu, nywele zangu umezichana tangu huna meno. Zimekuwa nyeupe mara moja, usishituke. Itazame ushibe, kisha uifute. Hii picha ya edani, si ya jicho jengine.

Ule wali, si mikate tu.

Mamako

—

Ubelgiji
20 Julai 2024

Mama yangu kipenzi,

Shikamoo. Waaleikumu salaam. Kifua kimepona na wali nimepika, na nazi ya kopo nimetia, usicheke. Wewe je, usingizi unakuja? Miguu bado inavimba?

Picha nimeipata. Nimeitazama mpaka simu ikazima chaji. Mama, umekuwa mzuri kwa namna ambayo sijui nikuelezeje. Kama mtu aliyevuliwa kila kitu akabaki yeye.

Chuoni wametupa kazi kubwa. Kuna makumbusho hapa yenye picha za watu wa zamani, za rangi ya mafuta, zina miaka mia tatu na zaidi. Kila mwanafunzi achague moja aichore upya kwa macho ya mtu wa leo. Kazi itakayoshinda watainunua, waitundike pembeni ya ile ya kale.

Mimi nimechagua ya mke wa tajiri. Bibi wa Kizungu amekaa kitini, lulu shingoni, mbwa miguuni. Nyuma yake, gizani, amesimama mwanamke mweusi ameshika sahani ya machungwa. Chini ya picha wameandika jina la bibi, jina la mumewe, na jina la mchoraji. Mbwa pia ana jina. Huyu wa sahani hana. Nimemuuliza mtunzaji, akaniambia, "Hatujui. Alikuwa mtumishi tu." Kila siku nakwenda kusimama mbele yake. Uso wake umechorwa haraka haraka, kama mchoraji alikuwa na njaa. Sijui nimfanyeje.

Niombee dua.

Mwanao

—

Ole
4 Agosti 2024

Mwanangu,

Asalaam aleikum. Hapa mvua ndogo ndogo, muhogo umeota, mbuzi kazaa. Miguu imepungua. Nazi ya kopo nimecheka, sikufichi.

Huyo mwanamke wako amenikosesha raha. Nimemuwaza tangu alfajiri. Huyo bibi wa lulu alikuwa anakwenda harusi ya nani? Na picha ya rangi ile huchukua siku ngapi kuisha? Maana kama ni siku tano, basi mwenzetu kashika sahani siku tano, mikono si imekufa ganzi? Machungwa yenyewe hakupewa hata moja, nakuapia. Na alikuwa na mama, Mardhiya. Mamake alikuwa wapi? Alijua mwanawe yuko nyuma ya kiti cha watu? Kuwa na jina lazima alikuwa nalo, hata ng'ombe wa Mabruki wanaitwa majina.

Mimi skuli niliachia darasa la tatu, mambo ya picha siyajui. Lakini umeniuliza, nami nakujibu. Mtue ile sahani. Mpe kiti akae. Yule bibi keshakaa miaka yote hiyo, hawezi kuinuka kidogo?

Mwanawema alicheka nilipomsomea. Kasema, "Huyu mwanao kwenda ng'ambo kote kule, kazi yake kumuonea huruma mtu wa ukutani." Lakini na yeye akasema, mpe kiti. Jana kaniletea kanga nichague, ile ya kunitolea. Nimechagua ya kijani. Siku zinakwenda.

Mamako

—

Ole
9 Septemba 2024

Mardhiya,

Salaam. Hujambo? Sina nguvu ya kuuliza mengi.

Leo asubuhi Mwanawema kaingia bila ya hodi, na viatu mguuni. Nilikuwa nimekaa na msahafu. Kanisogezea simu yake usoni.

"Mwatum, hebu nambie, huyu nani?"

Nikatazama. Nikaona mwanamke kakaa kwenye kiti kikubwa cha nakshi. Nguo nyeupe. Kichwa wazi, nywele nyeupe zimemwagika mabegani. Sahani ya machungwa iko chini miguuni. Nilidhani ni mtu aliyekufa, wallahi, maana kioo sijakitazama tangu mwezi wa sita.

"Simjui," nikasema.

"Humjui! Mtazame vizuri. Hilo kovu la jicho la nani? Hilo jino?"

Ndipo nikajiona.

Binamu yako Mmanga ndiye aliyeituma kutoka Maskati, kaikuta kwenye mtandao, kaitia kwenye kundi la ukoo. Kundi lile lina watu mia na kumi, Mardhiya. Wajomba, wakwe, watoto wa skuli, Shehe Mwalim, muuza samaki wa Wambaa aliyemuoa binti wa Nassor. Wote hao wameziona nywele zangu, na mimi nimo edani, siku zangu bado thelathini na tisa. Chini yake kuna mtu kaandika, "Mjane wa Ole kapata kiti cha enzi." Mwengine katia vicheko.

Nikamwambia wifi, nilimpigia mwanangu peke yake. Akasema, "Ulipiga mwenyewe? Edani? Ukavua ushungi mbele ya simu?" Nikasema ndiyo. Alikaa chini akalia kweli kweli, hakuwa mkali tena, na hilo ndilo lililoniua. Kasema, "Ndugu yangu kafa anajua nywele hizi zake peke yake. Hata mimi alikuwa hataki nikuchungulie ukizichana." Kisha kaichukua ile kanga ya kijani juu ya kasha akaondoka nayo.

Nilikwambia uifute. Nilikwambia si ya jicho jengine. Karatasi yenyewe ninayo picha yake humu kwenye simu, nimeisoma tena nione kama nilisahau kuandika. Sikusahau.

Niambie umefanya nini, mwanangu. Niambie mimi ndiye sikufahamu.

Mamako

—

Ubelgiji
11 Septemba 2024

Mama,

Shikamoo. Nimelia toka jana. Naomba unisome mpaka mwisho.

Ulisema mpe kiti. Nikampa. Lakini kila nilipomchora uso, ulikuwa uso wa kubuni, uso wa mtu asiyekuwapo, na hilo ndilo walilomfanyia mwanzo. Usiku mmoja nikaiweka picha yako kando ya turubai nikaanza na jicho, nikasema nichore jicho tu. Alfajiri ulikuwa umekaa. Mama, hata kabla ya maonyesho walioiona jumbani wanalia mbele yake. Mwalimu wangu, mtu mgumu, kavua miwani. Kazi yangu ndiyo iliyoshinda. Kwa mara ya kwanza katika jumba lile mwanamke mweusi amekaa na watu wanamtazama kwa heshima. Ni wewe. Nilitaka dunia ikuone kama ninavyokuona.

Sikujua wataitia kwenye mtandao kabla ya maonyesho. Sikujua itafika kwa Mmanga. Wale wa kundi hawajui sanaa, wanajua kusengenya tu. Usiwasikilize.

Mwanao anayekupenda

—

Ole
15 Septemba 2024

Mwanangu,

Asalaam aleikum. Nimekusoma mpaka mwisho, mara tatu. Mara ya tatu nilisoma kwa sauti nikusikie.

Shehe Mwalim kamtuma mkewe Rahila. Kasema niambiwe eda haijavunjika, eda ni siku na kukaa, na kosa la mtu kuonwa pasi na ridhaa yake liko juu ya aliyemuonyesha. Nimeshukuru. Lakini Rahila mwenyewe alikaa mlangoni, chai hakunywa, na alipokuwa anasema na mimi alikuwa ananitazama hapa, kwenye paji, kama anatafuta zile nywele chini ya ushungi.

Unasema watu wananitazama kwa heshima. Mimi hao siwajui. Hawa usiowataka, wa kundi, ndio watakaonibeba nikifa.

Na nikuulize jambo, na usinijibu kwa haraka. Yule mwanamke wako wa sahani, kilichokuuma si kuwa hakuna aliyemuuliza hata jina? Walimsimamisha, wakamchora, wakamtundika, basi. Na mimi je? Mimi nani aliniuliza? Kwani kiti ndicho kinachofanya mtu awe kaulizwa? Weye umenitoa mimi gizani kama ulivyomtoa yeye, lakini mie sikuwa gizani, Mardhiya. Nilikuwa edani. Nilikaa mwenyewe, kwa ajili ya babako, na mlango niliufunga kwa mkono wangu.

Waombe waishushe. Kama haishuki, basi wanifunike kichwa. Wewe una rangi, nipake ushungi. Mweusi, mweupe, wowote.

Siku zimebaki thelathini na tatu. Mwanawema hajaja tangu siku ile. Kwake si mbali, nasikia akimwita kuku wake.

Mamako

—

Ubelgiji
28 Septemba 2024

Mama,

Shikamoo. Samahani kwa kimya. Swali lako lilinikalia kifuani, sikuweza kushika brashi wala kijiko.

Huna kosa hata moja. Nilifanya yale yale, na nikajisifu. Nilikwenda kuwaomba niupake ushungi. Wamesema picha imeshanunuliwa na makumbusho, si yangu tena, nikiigusa nimeharibu mali yao. Nimewaandikia barua, hawajajibu.

Kama shangazi hatakutoa, nitakutoa mimi. Nakuja. Tiketi nimekata, natua Unguja jumatano tarehe kumi na sita, alhamisi napanda boti ya Wete. Ijumaa asubuhi maji nitachota mimi, nitakuosha mimi, kanga nitanunua mimi, na mkono nitakushika mbele ya wote mia na kumi. Atakayecheka acheke mbele yangu.

Mwanao

—

Ole
5 Oktoba 2024

Mardhiya mwanangu, mboni yangu,

Asalaam aleikum, na asalaam nyengine, na nyengine. Unaumwa? Huumwi. Umekonda? Utanenepa hapa.

Nimewaambia watu. Nisingenyamaza hata kwa dawa. Nimemwambia Rahila dirishani, nimemwambia mke wa Mabruki, na yeye keshaupeleka ujumbe mpaka Gando kwa kaka yangu. Mawifi zangu wa Gando walitaka kuja kunitoa wao, wakodi gari, nikawaambia msijisumbue na karafuu ndizo hizo zinaanguka, mwanangu anakuja. Nimelisema hilo kwa kiburi kidogo, Mungu anisamehe. Mwanawema limemfika. Nimesikia hakutukana. Pengine akikuona utalainisha moyo wake, wewe ndiye sura ya babako.

Chumba chako nimekifagia. Mkungu wa ndizi mkono wa tembo nimeuvundika uive siku hiyo.

Njoo na nguo nyepesi. Ukifika bandarini usile vitu vya bandarini.

Mamako

—

Ubelgiji
15 Oktoba 2024

Mama,

Sijui nianze vipi.

Wamejibu leo. Ufunguzi wa maonyesho wameuweka ijumaa hii hii, tarehe kumi na nane. Mkurugenzi na wale wakubwa wote watakuwepo, na wamesema kama nina dai lolote kuhusu picha niliseme siku hiyo, mbele yao, nikiwa nimesimama pale. Baada ya hapo haizungumzwi tena. Nikiondoka leo, nimeiacha ining'inie hivyo milele. Mama, nabaki kwa ajili yako. Nitasema yote. Nitahakikisha wanakufunika.

Nitakuja Disemba, inshallah. Naomba radhi. Naomba jibu lolote, hata neno moja.

Mwanao

—

Ole
20 Oktoba 2024

Mwanangu Mardhiya,

Asalaam aleikum. Umekula? Lala vizuri.

Barua yako ya jumanne niliipata jumanne hiyo hiyo. Sikumwambia mtu. Nilisema leo nitamwambia Rahila, halafu nikasema kesho, na Gando ningeweza kutuma neno bado wangefika. Aibu ikanikamata ulimi. Niliona bora nikose watu kuliko kuwaambia huji.

Ijumaa nimeamka kabla ya adhana. Nimeweka ndoo mbili za maji uani, nimeweka mkeka, nimekaa. Jua likatoka. Watoto wakapita kwenda skuli. Mke wa Mabruki kachungulia, "Mardhiya keshafika?" Nikasema boti imechelewa. Adhuhuri ikaadhiniwa, wanaume wakapita kwenda ijumaa, wakarudi. Maji yakapata vumbi juu. Alasiri nikajiosha mwenyewe. Mgongo haufikiki kwa mkono wa mtu mwenyewe, nilikuwa sijui. Nikavaa kanga yangu ya zamani, nikatia wanja bila kioo, nikafungua mlango nikajitoa. Nikasimama pale kizingitini nisijue niende wapi, maana mjane akitolewa huwa pana mtu anayemuongoza.

Nikasikia wanawake wanacheka uani kwa Mwanawema. Walikuwa wanachambua karafuu, fungu kubwa, la mavuno ya siku mbili. Nikasema nitakwenda. Mie ndiye niliyekuwa nikichambua pale miaka thelathini na moja.

Nikatoa salamu. Wakaitikia, alhamdulillahi, wote wakaitikia. Kisha mmoja, simtaji, kasema, "Karibu, bibi wa kitini. Lakini sie hapa viti hatuna, twakaa mkekani." Wakacheka kidogo, wengine wakainama. Nikakaa ukingoni. Hakuna aliyenisukumia karafuu. Nikaokota makonyo, vijiti vitupu walivyokwisha kuvitupa, nikawa nachambua yale, na hakuna kitu cha kuchambua kwenye makonyo. Mmoja akakumbuka mtoto wake, mwengine chungu chake. Mpaka magharibi tumebaki mimi na Mwanawema.

Nikamwambia, "Wifi, siku zimetimia."

Akasema, "Najua. Nimezihesabu."

"Ningojee nini sasa?"

Akashika mkeka, nikainuka ili aukunje. Akasema, "Mwatum, mimi sina chuki na wewe. Lakini kila nikikutazama namuona kaka yangu anakuona pale ukutani na watu wamekuzunguka. Siwezi." Akaingia ndani. Hakufunga mlango kwa kishindo. Aliufunga taratibu, kama mtu aliyelaza mtoto.

Jumamosi nikapata picha uliyonitumia. Umesimama kando yangu, nguo nyeusi, umependeza, umekonda. Ushungi sikuuona kichwani mwangu. Nadhani uliwaambia na hawakutaka, au ulipofika pale hukuthubutu. Usinieleze. Nakujua, ungeweza ungefanya.

Sikukasirikii. Radhi unazo, zote, nimezitoa kwa ulimi na nazitoa kwa mkono huu. Disemba usije kwa ajili yangu, njoo kama una hamu ya kaburi la babako. Siku yangu ilikuwa moja. Ndizi zimeiva zote kwa pamoja, nimempelekea mbuzi.

Jambo moja tu nakuomba. Ukipita tena mahali pale, mtazame yule wa sahani pia, kwenye picha ile ya kale, asione kwa kuwa umepata mwengine basi yeye umemsahau. Na huyo mama uliyesimama naye ijumaa umsalimie. Mwambie nimefurahi kuwa siku ile hakuwa peke yake.

Ni mimi,
mamako wa huku Ole